Nimebuni fungu la mchanga nje ya Tongoni ambako muda hauendi sawa, nisaidieni kuliwekea sheria

MtuWaSahare:
Shikamooni wakubwa, wengine mambo vipi. Naandika stori, nimefika katikati imekwama. Nje ya Tongoni huku Tanga kuna fungu nimelibuni mwenyewe, wazo nilipata kwa Maziwe ya pale Pangani, mnajua zamani ilikuwa kisiwa kina miti na kasa wanataga, leo maji yakijaa huoni kitu. Sasa fungu langu linatoka bamvua kubwa tu, maji yanapokupwa sana. Mvuvi wa pweza anafunga ngalawa pale, anachokoa kwenye miamba kama masaa mawili, akirudi pwani mtoto aliyemuacha anatambaa anamkuta yuko darasa la nne. Rafiki yangu kasoma akauliza, mbona pweza hajaoza? Na yeye mbona hajazeeka? Sitaki kumalizia kwa kusema ni majini basi, nataka msomaji akubali mwenyewe kwamba mahali kama hapo pangekuwepo pangekuwa hivyo. Mngeweka sheria gani?

NahodhaKigombe:
Marahaba mwanangu. Anza na maji yenyewe, hiyo ndiyo saa ya mvuvi. Toka maji kujaa mpaka kujaa tena ni kama masaa 12 na dakika 25, ndio maana kila siku yanasogea mbele karibu dakika 50, na bamvua inakuja mwezi mchanga na mwezi mpevu, katikati ni maji mafu, kujaa na kupwa kunakuwa kudogo. Kwahiyo sheria iwe ya maji. Akitoka mapema hakuna kinachotokea, akichelewa ndio analipa, maji yakimfika kifundo cha mguu amepoteza mwezi, gotini miaka, kiunoni asirudi kabisa maana hatomkuta anayemjua. Na kitu kimoja usikose kukiandika, kwenye fungu maji hayakujii usoni, wewe unaangalia bahari kubwa unaona bado iko mbali kumbe yameshaingia mkondo wa nyuma, kati yako na pwani, vile vitundu vya kaa vinaanza kutoa mapovu mchanga unalegea chini ya unyayo. Mvuvi wa kweli akihisi mchanga umelegea hamalizi hata pweza aliyemshika mkono mmoja, anaondoka.

TichaFizikia:
Nahodha kaongea vizuri, mimi niongeze upande wangu. Muda kwenda tofauti sehemu mbili kupo kweli, mwaka 1971 wanasayansi Hafele na Keating walizunguka dunia na saa za atomiki ndani ya ndege za abiria, waliporudi hazikulingana na zilizobaki chini. Saa za setilaiti za GPS zinatangulia za huku kwetu kama mikrosekunde 38 kwa siku, zisiporekebishwa ramani ya simu yako itakupeleka siko. Ila usitumie nguvu ya uvutano kuelezea fungu lako, uvutano wa kula miaka tisa kwa masaa mawili ungemponda mvuvi na Tanga nzima. Chukua kanuni moja tu, kinachopungua kasi kinapungua na kila kitu kilichopo hapo, pweza, njaa yake, kamba ya nanga, ndevu. Hapo swali la rafiki yako limeisha.

Lakini kuna tundu lingine kubwa zaidi. Piga hesabu, miaka tisa ni siku kama 3,285 na masaa mawili ni sekunde 7,200, maana yake kila sekunde mbili na kitu siku nzima inapita. Akiinua kichwa angeona jua linapita kama tochi inawashwa na kuzimwa, na maji yangejaa na kupwa karibu mara mbili ndani ya sekunde hizohizo! Angeshituka mapema. Labda muda usiliwe akiwa juu ya fungu, uliwe pale anapovuka ule mkondo wa nyuma wa nahodha.

BintiTongoni:
Kaka hapohapo una hazina mbili. Kwanza meli ya Vasco da Gama, São Rafael, ilikwama kwenye mafungu ya Mtangata, ndio hukuhuku Tongoni, mwaka 1498, na 1499 walipotoka India mabaharia wamepungua sana wakaichoma moto hukuhuku. Mvuvi wako anusie moshi wa mbao na lami wakati bahari haina chombo. Pili ni matumbawe, yanaweka mistari myembamba ya kila siku, na mwaka 1963 mwanasayansi John Wells alihesabu kwenye matumbawe ya kale sana akakuta kama mistari 400 kwa mwaka, kwa sababu enzi hizo siku ilikuwa fupi. Kujaa na kupwa kwa maji ndiko kunapunguza mzunguko wa dunia kidogokidogo na mwezi unazidi kwenda mbali, kama sentimita 3.8 kila mwaka. Kwahiyo bahari inagusa muda tangu zamani, huhitaji kulazimisha.

MtuWaSahare:
Nimekaa nimesoma yote mara mbili, asanteni sana. Nachukua mkondo wa nyuma, muda unaliwa pale, na moshi naweka. Anafika nyumbani pweza bado anajinyonganyonga ndani ya kikapu, mkewe akimuona yule pweza ndio anaamini. Nahodha swali la mwisho, nimuweke mwezi gani?

NahodhaKigombe:
Wa tatu. Bamvua kubwa kuliko zote ni za mwezi wa tatu na wa tisa, na wa tatu kaskazi inakuwa imeshalegea, ngalawa inafungwa fungu la nje bila wasiwasi. Mpe mchana, maji yapwe karibu na saa nne na nusu asubuhi.