Kwa nini siri inatesa hata pale ambapo hakuna anayekuuliza?

nuru_ya_asubuhi
Habari zenu wakuu, dada yenu nina jambo naomba tujadili kwa utulivu. Rafiki yangu wa karibu sana alinifungulia moyo akanieleza jambo lake zito, akasema ni mimi peke yangu najua na nisimwambie mtu. Sijamwambia mtu na wala sina mpango huo. Kinachonishangaza ni kwamba hakuna anayeniuliza, hakuna anayehisi chochote, yaani kazi yenyewe ya kuficha haipo, lakini nikikaa kimya kidogo tu linarudi kichwani, nikioga linarudi, nikitaka kulala ndo kabisa. Na la pili, tangu aniambie naona kama ananiogopa, akiongea na mimi anapima maneno, kama vile nimemshika pabaya wakati mimi sina nia yoyote mbaya naye. Hivi siri ina nini hasa? Mbona ni maneno tu lakini yamembadilisha aliyesema na mimi niliyesikia? Na je kuna siri mtu anatakiwa afe nayo au zote zina siku yake ya kutoka?

msoma_usiku
Pole sana dada. Hilo la kurudi kichwani haliko kwako tu, limechunguzwa kabisa. Kuna mtafiti anaitwa Michael Slepian wa Chuo Kikuu cha Columbia kule Marekani, amekomaa na mambo ya siri kwa miaka mingi. Zamani ilidhaniwa taabu ya siri ni pale unapokaa na mtu ikabidi ukwepe swali au ubadilishe mada. Mwaka 2017 yeye na wenzake wakatoa utafiti unaoonyesha kuwa nyakati za kukwepa namna hiyo ni chache, muda mwingi zaidi mtu anaiwaza siri yake akiwa peke yake, na ni kule kuiwaza ndiko kulikoendana na watu kujisikia vibaya, kule kuficha wala si sana. Yaani ndo hicho hicho unachosema wewe, huulizwi na mtu lakini kichwa hakitulii. Na katika tafiti zao wastani wa mtu mmoja ni kama siri 13, na karibu 5 kati ya hizo hajawahi kumwambia binadamu yeyote, kwa hiyo hao wote unaowaona wametulia wana zao.

Halafu usijilazimishe kutokuwaza. Mwaka 1987 mwanasaikolojia Daniel Wegner na wenzake waliwaambia watu wakae dakika 5 wasimfikirie dubu mweupe, akiwajia kichwani wagonge kengele. Wakagonga kengele kweli kweli. Kibaya zaidi waliporuhusiwa baadae kumfikiria wakamfikiria kuliko wale ambao hawakukatazwa mwanzoni. Kwa hiyo ukisema leo siwazi hilo jambo, ndo umeliita.

kaa_na_lako
Mi natofautiana kidogo na mwelekeo wa kuiona siri kama maradhi. Bila siri mtu hana ndani, anabaki nje tupu. Mtoto siku anapogundua kwamba anaweza kujua kitu ambacho mama yake hakijui, ndo siku anaanza kuwa mtu kamili mwenye mawazo yake, na mtu mzima ambaye kila anachowaza kiko wazi kwa wote hana mahali pa kupumzikia. Na kuna siri tamu jamani, mtu anajua ana mimba na hajamwambia yeyote, au anapanga kumposa mtu, huyo siri haimchoshi, inampa nguvu anatembea anatabasamu peke yake.

Hata siri nzito sio lazima zitese. Vita vya pili vya dunia Waingereza walikuwa na watu maelfu pale Bletchley Park, kituo chao cha siri, wanafumbua meseji za siri za Wajerumani, wengi wasichana wadogo tu, wakasaini kiapo cha kutosema. Vita vikaisha 1945 na habari zenyewe hazikuwekwa wazi mpaka miaka ya 1970, kuna watu waliishi kwenye ndoa miaka yote hiyo mwenza wake hajui alikuwa anafanya nini. Sasa kwa nini wale waliweza? Kwa maoni yangu ni sababu mbili, walijua kuna wenzao wengi wamebeba kitu hicho hicho, na hakikuwa kitu cha aibu. Chukua siri hiyo hiyo iondolee wenzio uweke aibu, utaona inavyomla mtu. Kwa hiyo dada tatizo lako wala sio siri, ni upweke nayo.

sikio_la_wengi
Hapo kaa_na_lako amegusa penyewe, ngoja nishike lile la pili la rafiki kukuogopa maana naona limepitwa. Mimi kazi yangu ni kusikiliza watu na hili naliona kila mara. Mtu akiwa na jambo zito anaumwa na kutaka kulisema, akilisema anapata nafuu siku ile, halafu anaamka kesho yake anaanza kujiuliza nimefanya nini, huyu sasa ananionaje. Anayeogopwa si wewe. Anaogopa picha yake mwenyewe iliyoko machoni mwako, anaona kila ukimwangalia unaliona lile jambo. Na ndo hapo nguvu ya siri ilipo, mtu anayetaka kukutawala kwa siri yako hatumii siri yenyewe, anatumia aibu yako, siku aibu ikiisha hana cha kushika tena. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua, na mimi naongezea kwamba kabla ya kifo kuna mtu atakayeyatumia hayo maradhi kukuendesha.

Kwa hiyo usisubiri, mwambie wewe mwenyewe, kwa maneno machache kabisa: "lile ulilonambia halijabadilisha ninavyokuona." Usirudie kisa chote, usimuulize maswali mapya, endelea na stori zenu za kawaida. Watu wengi tukipewa siri tunakaa kimya tukidhani ndo heshima, kumbe mwenzio anausoma ule ukimya kama hukumu.

Kuhusu kufa nayo. Upande wa kuungama Wakatoliki tangu Mtaguso wa nne wa Laterano, yaani mkutano mkuu wa Kanisa, mwaka 1215 padri anayetoa siri ya maungamo anaadhibiwa vikali, na madaktari nao wana kiapo tangu enzi za Wagiriki, kwa hiyo binadamu tumejua zamani kwamba lazima awepo mtu ambaye ukimwambia jambo haliendi popote. Lakini kwa mimi na wewe kuna mambo mawili situnzi hata nikiapishwa: mtoto anaumizwa, au mtu anataka kujiua. Hapo anayenyamaza anamsaidia muumizaji. Mengine yote siri ni ya mwenyewe, yeye ndo anajua siku yake, hata kama ni kamwe.

nuru_ya_asubuhi
Asanteni sana, sikio_la_wengi umenigusa maana kweli nimekuwa kimya nikijua namheshimu. Sio hayo mambo mawili uliyotaja, hakuna anayeumia, ni jambo lake la zamani tu. Nitamwambia hayo maneno. Sasa kichwani kwangu mimi nifanyeje? siwezi kwenda kumwambia mwingine ili nipumue.

msoma_usiku
Andika dada. Mwaka 1986 mwanasaikolojia James Pennebaker na mwenzake Beall waliwapa wanafunzi wa chuo kazi ya kuandika dakika 15 kwa siku 4 mfululizo kuhusu jambo lililowaumiza sana, matukio yenyewe pamoja na walivyojisikia. Siku zenyewe za kuandika walijisikia vibaya, lakini miezi iliyofuata wakaenda zahanati ya chuo mara chache kuliko wale walioandika mambo ya kawaida. Ila wewe usiandike kisa cha rafiki yako, hicho si chako na karatasi inaweza kuokotwa. Andika kilichokupata wewe uliposikia, kama uliogopa, kama ulimkasirikia, kama ulitamani asingekwambia. Usitaje jina wala jambo. Na usiandike kwenye simu, tumia karatasi, ukimaliza ichane au ichome.

sikio_la_wengi
Nakubaliana nae kabisa. Halafu ukiona baada ya muda bado hulali, ongea na rafiki yako huyo huyo, mwombe ruhusa umwone mshauri mmoja bila kutaja nani ni nani. Akikataa muulize nani mwingine angeridhika ajue, wakati mwingine yeye mwenyewe ana mtu kichwani na anasubiri kuulizwa tu.