Mjadala: Kunakili gemu uliyoinunua mwenyewe, ni haki au ni wizi?

Mleta mada, Nyakato

Wakuu, hoja yangu ni fupi na niko tayari kuitetea. Ukinunua diski ya gemu kwa pesa yako, kuitolea kopi na kuicheza hiyo kopi huku orijino imetulia kabatini si wizi. Wizi unaanzia pale diski inapotoka mkononi mwako na kopi ikabaki.

Naileta hapa kwa sababu mafundi wa mashine za gemu wa Makoroboi, hapa Mwanza, wamegawanyika. Wengi watakuwekea chochote bila kukuuliza swali. Mmoja, ambaye namheshimu kwa kazi yake, ukimpelekea diski yako mwenyewe akunakilie anakurudishia: "Hiyo haramu hata kama ni yako." Wale wamelegea, huyu naye kakaza mno.

Kwanza tuitazame diski yenyewe, maana wanaopinga huongea kana kwamba haifi. Igeuze DVD ya PlayStation 2 kwenye mwanga. Mkwaruzo unaotoka katikati kwenda ukingoni, mara nyingi mashine inauvumilia. Kila mzunguko lenzi inakosa kipande kidogo tu, na data za kusahihisha makosa zinaziba pengo. Unaoua ni ule unaozunguka, unaofuata njia ileile ya lenzi, kwa sababu unakula data mfululizo. Na huo mara nyingi hauletwi na mtoto kuburuza diski sakafuni. Unakuja mtu akijikwaa kwenye waya wa pedi, mashine ikaruka wakati diski iko mbioni. Zile gemu za CD, zenye mgongo wa bluu, hatari yake kubwa iko upande wa picha: data zimelala chini ya rangi tu. Ukichubua rangi, umechubua gemu.

Haya, imekufa. Kanunue nyingine. Wapi? Sony walifunga uzalishaji wa PlayStation 2 mwanzoni mwa 2013, wakiwa wameshauza mashine zaidi ya milioni 150. Mashine bado zimejaa mitaani kwetu. Diski mpya hakuna, zilizopo ni mitumba ambayo nayo imeshakwaruzwa na wengine.

Sheria ya hakimiliki ya Marekani, kifungu cha 117, inamruhusu mwenye nakala ya programu ya kompyuta kuwa na nakala ya akiba, kwa sharti kwamba haki yake juu ya ile ya kwanza ikiisha, ya akiba iharibiwe. Ukiiuza ya kwanza, ya akiba inaenda nayo. Sharti hilo ndilo hoja yangu nzima. Ukiuza diski yako leo, kopi iifuate au ivunjwe.

Karibuni. Matusi hapana.

Fundi, Makoroboi

Mleta mada umeongea vizuri, ila hujawahi kukalia kiti changu. Wateja walionijia na diski orijino wakitaka kopi nawakumbuka kwa sura, kwa uchache wao. Waliobaki wanakuja na fleshi tupu na orodha ya majina.

Halafu mnazungumzia kuchoma diski, nani anachoma siku hizi? Mashine inafunguliwa kwa memori kadi. Ndani ya ile kadi ya megabaiti 8 inawekwa programu ndogo inayowahi kuamka kabla ya menyu ya Sony, hapo unasoma gemu kutoka kwenye fleshi au hadi diski. Ubaya wa fleshi ni kwamba tundu la USB la PlayStation 2 ni la kizazi cha kwanza, la polepole. Ukiona video ya mwanzo inakwamakwama na sauti inakatika, usimlaumu fundi.

Sasa nimtetee huyo fundi mwenzangu na nimpinge hapohapo. Anasema chipu, kile kidude kinachofungwa ndani ya mashine ili isikatae diski, ni ya wezi. Si kweli kila mara. Mashine nyingi zinazotufikia ni mitumba, nyingine zimetoka Japani. Ya Japani ukiitia diski halali kabisa ya Ulaya inakutemea: haisomi, si eneo lake. Hiyo orijino yako uliyoilipia haitacheza mpaka mashine ifunguliwe. Kwa hiyo kuna mteja anawekewa chipu ili acheze *orijino*. Hilo watu hawalisemi.

Ila ikishafunguliwa imefunguliwa. Chipu haiulizi diski ni ya nani. Mleta mada niambie, mimi nikuulize wewe risiti? Risiti ya diski iliyonunuliwa mnadani?

Mwanafunzi wa sheria, Malimbe

Kaka wa Nyakato, kifungu cha 117 kipo, ila umeishia ukurasa wa kwanza. Mwaka 1998 Marekani walitunga sheria nyingine, DMCA, inayokataza kuvunja kufuli la kidijitali linalolinda kazi ya mtu. Kwa hiyo unaweza kuwa na ruhusa ya kopi na usiwe na ruhusa ya kuvunja kufuli ili uipate.

Hata kabla ya hapo, mwaka 1983, Atari, watengenezaji wa gemu, waliishtaki kampuni iliyokuwa inauza kifaa cha kunakili kaseti za gemu. Kampuni ikajikinga na hichohicho kifungu cha 117. Mahakama ikaikatalia: ruhusa ile ni kwa ajili ya vitu vinavyoharibika kwa hitilafu ya umeme au ya mitambo, na kaseti haiko kwenye hatari hiyo. Ndiyo maana maelezo yako ya mikwaruzo yana uzito kuliko marejeo yako ya sheria. Diski si kaseti.

Kwa upande wa chipu, fundi ana wenzake waliofika mbali. Mwaka 2005 mahakama ya juu kabisa ya Australia ilimpa ushindi Stevens, aliyekuwa anauza na kufunga chipu za PlayStation, dhidi ya Sony. Majaji walisema kinga ya PlayStation haizuii kunakili. Diski utainakili vizuri tu, inachokataa mashine ni kuicheza hiyo kopi. Baadaye bunge lao likaandika sheria upya, basi ushindi ule ukabaki wa vitabuni.

Ulaya ndiko kunakofanana zaidi na unayoyasema. Mwongozo wao wa mwaka 1991 kuhusu programu za kompyuta unasema mkataba hauwezi kumnyima mtumiaji halali nakala ya akiba anayoihitaji ili atumie programu yake. Lakini mwaka 2014 mahakama yao ikaongeza kwamba gemu si programu tupu, ina michoro na sauti, na kufuli lake linalindwa kwa sheria ya jumla ya hakimiliki. Mwaka 2016 ikasema tena, katika kesi iliyotoka Latvia, kwamba kopi ya akiba huwezi kumuuzia mtu hata kama orijino yako imeharibika au imepotea. Hilo wanaouza "kopi ya orijino yangu iliyokufa" walisikie.

Hapa kwetu, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazilinda programu za kompyuta, na Tanzania iko kwenye Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, tangu 1994, kwa hiyo kazi ya Mjapani inalindwa hata Igoma. Haki za mwenye kazi ni pamoja na kunakili, kukodisha na kuonesha hadharani. Sitaji mtu, ila wenye mabanda ya gemu wasome tena hayo mawili ya mwisho.

Mwenye banda, Igoma

Unataja mtu. Nimesoma.

Mimi diski ninayo, orijino, niliagiza kwa mtu aliyekuja kutoka Dubai. Nina mashine nne. Nimeitoa kopi nikaiweka kwenye hadi diski nne, vijana wanacheza, mechi shilingi mia tano. Nikinunua mtumbwi nani ananiuliza nimepakia abiria gani?

Halafu kuna jambo mnalikwepa. Vijana wa hapa hawataki gemu ya Dubai. Wanataka ile yenye Simba na Yanga, jezi za msimu huu, majina ya wachezaji wetu. Hiyo imetengenezwa na vijana wa Kitanzania kwa kuchimba faili za gemu ya zamani na kutia za kwetu. Orijino yake haipo duniani, hakuna kampuni iliyowahi kuiuza. Mleta mada, sheria yako ya kabati inaiweka wapi hiyo?

Mleta mada, Nyakato

Mwenye banda, mtumbwi mmoja hauwezi kuwa Kamanga na Nansio saa ileile. Yako iko sehemu nne kwa wakati mmoja. Nilichokitetea mimi ni diski moja, mchezo mmoja kwa wakati mmoja, mwenye mali na watu wa nyumbani kwake. Wewe una biashara, na kabati langu usiliingize humo. Ungekuwa na diski nne kabatini na kopi nne mezani, la kunakili ningekuunga mkono, tungebaki kubishana la kukodisha.

Gemu ya Simba na Yanga nakiri ni tamu na nimeicheza. Hiyo si kopi ya akiba, ni gemu mpya iliyojengwa kwenye kiwanja cha mtu. Mtu mwenye diski halali ya ile ya zamani akiiongezea jezi nyumbani kwake, sioni aliyeibiwa. Anayeiuza nzima kwenye fleshi, amemuuza mwenye kiwanja pamoja na vijana waliochora jezi, ambao nao hawapati hata senti.

Fundi, risiti sihitaji. Nataka diski iwe mezani. Mteja alete diski, uisome mbele yake, kopi itoke kwenye *hiyo* diski na si kwenye ghala lako. Asiye na diski hana akiba ya kutengeneza, maana akiba ya nini?

Fundi, Makoroboi

Na akienda kibanda cha pili?

Mleta mada, Nyakato

Aende.

Fundi, Makoroboi

Umeajiriwa wewe, nimeshajua.

Mama wa wawili, Pasiansi

Nyie wanaume mnagombania diski, watoto wangu hata diski hawana. Gemu yao imenunuliwa mtandaoni kwa akaunti ya mjomba wao, imekula bando la wiki nzima kushuka. Kwa huyu kijana wa sheria: nikitaka akiba ya hiyo, natoa wapi?

Mwanafunzi wa sheria, Malimbe

Dada, hapo ndipo pabaya zaidi, na mleta mada hajapagusa. Ulicholipia ni leseni ya kutumia. Nintendo walifunga duka la mtandaoni la mashine zao za gemu, Wii U na 3DS, mwezi Machi 2023. Waliokwisha kununua waliachiwa kupakua tena, lakini kununua kipya hakuna. Mwaka uliofuata, mwezi huohuo, Ubisoft walizima seva za gemu yao ya magari, The Crew. Hata aliyekuwa na diski aliyoilipia dukani, diski ikabaki sahani, kwa sababu gemu ilikuwa haiendi bila seva. Huko kopi ya akiba haikuokoi.

Msomaji, Nansio

Sisi wa kisiwani hilo tunalo kila siku. Intaneti ikilala, gemu ya akaunti inaomba kuthibitisha, mtoto anakaa anaangalia duara linazunguka. Kile kimashine cha zamani chenye diski kinawaka tu ilimradi umeme upo. Mimi naunga mkono hoja ya Nyakato kwa sababu hiyo moja tu: diski na kopi yake havimwombi mtu ruhusa. Kifaa cha lenzi kikifa huku, kukipata ni kupanda kivuko kwenda Mwanza, na safari hiyo unaweza kuikwepa miaka ukicheza kutoka hadi diski, lenzi imepumzika.

Anayetengeneza gemu za simu, Nyegezi

Nimekaa kimya nikisoma. Mimi natengeneza gemu ndogo za simu. Moja niliiweka kwa bei ya soda. Kabla ya mwezi kuisha nikatumiwa na rafiki yangu kwenye WhatsApp, faili zima, na ujumbe "cheki hii kali". Hakujua ni yangu.

Kwa hiyo mleta mada, kanuni yako ni nzuri kwa mtu mmoja ambaye ni wewe. Inategemea mtu avunje kopi yake usiku, peke yake, bila kuonwa na yeyote, siku anayouza diski. Umewahi kumwona? Na msiniambie kampuni ni tajiri. Mimi ni kampuni, na niko hapa Nyegezi.

Mleta mada, Nyakato

Kaka wa Nyegezi, aliyekutumia lile faili hakuwa na akiba ya kitu chochote, alikuwa anagawa. Kumkataza mwenye diski asijilinde hakumzuii huyo hata kidogo, maana yeye hakuanza na diski. Kanuni isiyosimamiwa bado ni kanuni. Kama ningetaka kuvunja kila isiyo na mlinzi, nisingefungua mada, ningenunua fleshi.

Na nyongeza moja kwako: weka toleo lenye jezi za Toto Africans, timu yetu ya Mwanza, nalipa.

Mwenye banda, Igoma

Hata mimi nalipa hiyo. Kwa mashine nne.

Mchangiaji mpya, Mabatini

Wakuu nimechelewa. Swali la kweli, si utani. Mimi na mwenzangu tulichanga nusu kwa nusu tukanunua diski. Tukatoa kopi moja ya akiba, halali kabisa kwa maelezo ya mleta mada. Sasa mwenzangu kahamia Bukoba na diski, mimi nimebaki na kopi. Nani mwizi hapo?

Mwanafunzi wa sheria, Malimbe

Mna umiliki wa pamoja wa kitu kimoja. Hakuna aliyeuza. Ila mkicheza wote wawili kwa wakati mmoja, mmoja Bukoba na mmoja Mabatini, mmeshazaa gemu ya pili.

Mleta mada, Nyakato

Pangianeni zamu. Wiki yake na wiki yako.

Mchangiaji mpya, Mabatini

Na tukitaka kucheza mechi sisi kwa sisi?

Fundi, Makoroboi

Mleta mada jibu hapo, nimevuta kiti.

Mleta mada, Nyakato

Apande meli aje na diski.