Kijitabu cha watambaazi kinachotupotosha sisi waongoza watalii: nataka ukurasa wake wa mijusi usahihishwe

Ndugu wanajukwaa,

Nimenyamaza mwaka mzima, leo nasema. Mimi ni mwongoza watalii Bagamoyo. Nilinunua kijitabu cha watambaazi kinachouzwa kwetu sisi wa kazi hii, nikakikariri kwa kuamini kwamba aliyekiandika anakijua anachokiuza. Siku moja nikasimama na wageni mbele ya ukuta wa mawe, mjusi wa magamba yanayong'aa, mwenye michirizi miwili ubavuni, akiota jua, nikatamka kama nilivyofundishwa: huyu ni Mabuya striata, hutaga mayai, na ndugu zake wa Mabuya walioko Amerika Kusini hutaga vilevile. Mgeni mmoja, mwalimu wa biolojia kutoka Brazil, alinisubiri nimalize, kisha akanieleza kwa upole kwamba katika sentensi hiyo moja nilikuwa nimekosea mara tatu.

Alikuwa na haki. Kosa la jina lina historia yake: mwaka 1887 mtaalamu wa mijusi Boulenger, katika orodha yake ya mijusi ya makumbusho ya Uingereza, aliwaweka mijusi wa Afrika, Asia na Amerika katika jenasi moja (kundi la spishi za karibu, ambalo jina lake huanza katika jina la kisayansi), yaani Mabuya, na kwa zaidi ya miaka mia moja wengi walimfuata. Mwaka 2002 watafiti Mausfeld na wenzake, wakitumia vinasaba, waliligawa kundi hilo, na jina Mabuya likabaki kwa wale wa Amerika. Mwaka uliofuata mtaalamu mwingine, Bauer, akaonyesha kwamba, kwa kanuni za kuita majina, wa Afrika wanastahili kuitwa Trachylepis. Kwa hiyo mjusi wetu wa ukutani ni Trachylepis striata, tena huzaa watoto, hatagi. (Wala jina Mabuya lisichanganywe na lile la Hemidactylus mabouia, mjusi kafiri wa nyumbani, ambaye naye ametoka Afrika na leo amejaa katika kuta za miji ya Brazil.)

Kinachoniudhi zaidi ni hilo la mayai, kwa sababu kijitabu kimefuta jambo la ajabu kuliko yote katika viumbe hawa. Mijusi wa Mabuya wa Amerika Kusini huzaa, na huzaa kwa namna inayokaribia ya mamalia. Mwaka 1984 Blackburn, Vitt na Beuchat walieleza habari za Mabuya heathi wa kaskazini-mashariki mwa Brazil: kijiyai chake kina upana wa milimita moja tu, takriban hakina kiini cha kumlisha mtoto, na mimba hukaa miezi minane hadi kumi na miwili huku mtoto akipata zaidi ya asilimia 99 ya uzito wake mkavu, yaani bila kuhesabu maji, kupitia kondo la mama. Mjusi anayetosha kiganjani anamlea mtoto tumboni kwa muda unaoweza kuupita ule wa binadamu, halafu mtu anaandika "hutaga" na kutuuzia!

Sikatai kwamba uainishaji wenyewe una mabishano. Mwaka 2012 Hedges na Conn waliivunja Mabuya ya Amerika katika jenasi nyingi, huyo heathi akawa Brasiliscincus heathi, na wako wataalamu ambao hawakuridhika na mgawanyo huo. Mwandishi angesema hivyo kwa mistari miwili, ningemheshimu.

Tena kuna kisa ambacho kingetufaa sana sisi wa pwani hii, nacho hakimo kabisa. Katika kisiwa cha Fernando de Noronha, kilomita kama 350 kutoka bara la Brazil, anaishi Trachylepis atlantica, ambaye jamaa zake wa karibu wako Afrika. Wahenga wake walivuka bahari ya Atlantiki, safari tofauti na ile iliyowafikisha Amerika wahenga wa Mabuya. Huyu ndiye anayetaga mayai. Wakati wa kiangazi hupanda miti ya Erythrina velutina, jenasi moja na mwamba-ngoma wetu, akaingiza kichwa katika ua jekundu kulamba maji matamu, na anapotoka chavua imemganda magambani, akaipeleka kwenye ua la pili.

Nilimwandikia mchapishaji nikimweleza haya yote. Nilijibiwa kwamba majina ya kisayansi hubadilika kila siku na kwamba wageni hawaulizi. Wageni wanauliza, na anayeulizwa ni mimi, si yeye aliyekaa ofisini. Huku ni kufunika kombe mwanaharamu apite, na sisi ndio tunaolipia kombe lenyewe. Mwezi uliopita toleo jipya limetoka kwa bei ya juu zaidi. Nimelifungua mwenyewe dukani, na ukurasa ni uleule, neno kwa neno. Naomba kila mwenye nakala amwandikie mchapishaji, amtake atoe karatasi ya masahihisho bila malipo kwa wote tuliokwisha kununua.