LaFerrari, Porsche 918, McLaren P1: kwa nini batri ndogo hivi kwenye motokari za bei kali namna hii?

Mwanafunzi_Poly

Jambo yenu wayaya. Niko Polytechnique hapa Lubumbashi, elektromekanika. Jana usiku bwenini tulibishana mpaka majirani wakagonga ukuta.

Ubishi wenyewe ni zile hybridi (motokari za injini na mota ya umeme pamoja) tatu za 2013 zilizotengenezwa chache: LaFerrari, McLaren P1 (375 tu) na Porsche 918 Spyder (918, kama jina lake). LaFerrari ina V12 (injini ya silinda 12) ya lita 6.3, nguvu za farasi 800 bila msaada wa mtu. Juu yake wakaongeza mota ya umeme ya farasi 163 na batri ya kilowati-saa 2.3. Haichomekwi ukutani, wala haitembei kwa umeme peke yake. Sasa hiyo hybridi ni ya nini? Naona kama mtu aliyepanga kujenga ghorofa akaishia kwenye msingi. Porsche angalau wameweka 6.8, na inakwenda kilomita kama 30 bila kuwasha injini.

Rafiki yangu anasema ni biashara tu, neno "hybridi" linapandisha bei. Nani ana haki?

Na swali la pili: Koenigsegg Regera, hybridi nyingine ya bei kali kutoka Sweden, haina sanduku la gia. Inaondokaje mahali?

FundiBatri_Kampemba

Mdogo wangu, hiyo namba unayoitazama si yenyewe. Kilowati-saa inakuambia batri imebeba kiasi gani. Kwa motokari hizi uliza kilowati, yaani inatoa haraka kiasi gani.

Mimi nakula kwa hybridi za Kijapani, zile za usukani wa kulia zinazoingilia Kasumbalesa, mpakani na Zambia. Batri ya Toyota Prius ya kizazi cha pili na cha tatu ina moduli (vipande vya batri) 28 za nikeli, volti 201.6, jumla kilowati-saa 1.3. Kwa hiyo Ferrari haijabeba hata mara mbili ya Prius ya teksi! Lakini batri ya Prius ya kizazi cha tatu inatoa kilowati 27, na mota ya Ferrari inavuta 120. Chukua kalamu: 2.3 ukiifyonza kwa 120, kwenye karatasi imeisha ndani ya sekunde 69. Porsche, mota zake mbili zikivuta 210 pamoja, inafika karibu dakika mbili.

Utasema sekunde 69 ni za kuchezea. Lakini kwenye uwanja wa mbio, kutoka kona moja hadi nyingine unahitaji sekunde chache tu za umeme, kisha unakanyaga breki na sehemu inarudi. Ferrari inajaza hata ndani ya kona, pale V12 inapotoa msukumo mwingi kuliko matairi yanavyoweza kupokea. Batri ile haikuwekwa kwa ajili ya safari. Na haina uzito wa kutisha, kilo 60 hivi. Porsche waliotaka kilomita zao 30 wamelipa kwa mizani: 918 inakaribia kilo 1,700.

Sasa umeme unafanya nini pembeni ya farasi 800? V12 ile inazunguka hadi 9,250 kwa dakika. Injini ukiitengeneza ivute pumzi vizuri huko juu, chini inakuwa mvivu, hakuna dawa. Mota ya umeme inatoa msukumo wake wote kuanzia sifuri. Kwa hiyo wahandisi waliiachia mota kazi ya chini, wakaichonga injini kwa ajili ya juu tu, bila kuikata makali ili iwe na adabu mjini. McLaren ni wazo lilelile kwa njia ya turbo, ile feni inayosukumia injini hewa kwa nguvu ya moshi: waliweka turbo kubwa kwenye V8 ya lita 3.8, na turbo kubwa inachelewa kuamka. Mota inaziba ule upenyo mpaka turbo ijae. Halafu wakati wa kupandisha gia, mota hiyohiyo inaikaba injini kwa kitambo ili mizunguko ishuke haraka na gia iingie. Hilo limenifurahisha kuliko farasi zote 916.

Mwambie rafiki yako biashara ipo, nani atakataa. Ila kitu kinafanya kazi.

Jambo ambalo hamkulitaja bwenini, na kwangu ndilo kubwa, ni joto. Prius zinazoletwa hapa zimekufa, nafungua kando ya kiti cha nyuma kwenye tundu la hewa, nakuta feni ya batri imevaa koti: vumbi letu jekundu la kiangazi, nywele, nyuzi za zulia. Hewa haipiti. Nikipima moduli moja moja, za pembeni bado zinajitetea, za katikati ndizo zimelala, kwa sababu joto lao halina pa kutokea. Na hiyo ni batri ya kilowati 27, kwa mtu anayekwenda sokoni. Sasa weka batri ya kutoa 210 ubavuni mwa V8 ya lita 4.6!

Tazama picha ya 918 kwa nyuma. Bomba za moshi hazishuki chini, zinatokea juu, mgongoni mwa injini. Vijana wanadhani ni mapambo. Batri yao inataka kukaa kati ya digrii 20 na 40, ndiyo maana inapozwa kwa maji, na ndiyo maana moshi unatolewa kwa njia fupi kabisa, juu, usipite kuipikia batri huko chini. Umbo zima la sehemu ya nyuma limefuata joto. Mchoraji alikuja baadaye kulipendezesha.

Binti_Kolwezi

Yaya Fundi, aksanti. Niongeze kidogo upande wa seli, maana niko maabara ya kiwanda huku Kolwezi na habari hizi tunazisikia kutwa.

Seli ya kutoa haraka na seli ya kubeba nyingi hazijengwi sawa. Ya kutoa haraka inapakwa unga mwembamba sana kwenye karatasi za metali, shaba upande mmoja, aluminiamu upande wa pili, ili ioni, zile chembe zinazobeba umeme, zisisafiri mbali. Unga ukipungua, karatasi zinaongezeka, na uwezo wa kubeba unashuka. Hiyo 2.3 haikutokana na ubahili.

Na kwa wale wanaopenda kuandika hapa kwamba kila supakaa ya umeme imebeba kobalti ya Katanga: kuna batri za fosfati ya chuma ambazo hazina hata gramu moja ya kobalti. Shaba ndiyo haikwepeki. Iko ndani ya seli, iko kwenye kebo, na mota yenyewe imezungushiwa shaba. Hiyo jivunieni bila wasiwasi.

Mwanafunzi_Poly

Aksanti sana yaya wote wawili, hizi sekunde 69 nakwenda nazo bwenini sasa hivi. Lakini kwa nini Ferrari wasiweke hata tundu la kuchomeka? Na Regera mmeniruka.

FundiBatri_Kampemba

Tundu linataka kichaji, kichaji kina uzito, na batri ya sekunde 69 inajazwa na breki na injini kabla hujafika nyumbani. (Tena kwa mtaa wetu, kuchomeka kitu usiku ni kumwachia Mungu.)

Regera nilikuwa naitunza. Ilionyeshwa Geneva 2015, ikapangwa kutengenezwa 80. V8 ya lita 5 yenye turbo mbili, na mota tatu: moja kwenye krenkishafti (mhimili unaozungushwa na injini), mbili nyuma, kila gurudumu na yake. Injini imeunganishwa na ekseli ya nyuma kwa uwiano mmoja tu, ni kama uko kwenye gia ya juu siku zote. Kuondoka mahali, mota za magurudumu zinasukuma. Kati ya injini na ekseli kuna kiungo cha mafuta ambacho kinaruhusiwa kuteleza, kisha kasi ikipanda kinafungwa, na injini inashika magurudumu moja kwa moja. Hakuna sanduku la gia, na nguvu inayopotelea kwenye meno ya gia inapungua.

Kwa akili ni kazi nzuri kuliko zile tatu, sibishani. Lakini mimi ukiniuliza nitengeneze ipi, nachagua 918. Batri ya Regera ni volti 800. Kwa Prius ya volti 201 tu, navaa glavu za mpira, navuta plagi ya usalama, nangoja dakika 10 kondensa (zinazobaki na umeme ndani) ziishe, halafu napima kabla kidole hakijagusa kitu. Ya 800 mtafutieni fundi mwingine, mimi nina watoto.