Naomba ushauri: niulize swali la kabila au niliache?

Ndugu zangu, salaam. Naandika tasnifu ya uzamili ya jiografia na nimekwama, naomba mnishike mkono.

Msingi wangu ni kazi ya Frederick Boal, mwanajiografia wa Belfast, Ireland ya Kaskazini. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alichunguza mitaa inayopakana, Shankill ya Waprotestanti na Clonard ya Wakatoliki. Hakuwauliza watu wanachukiana kiasi gani. Aliuliza wanapandia basi wapi, wananunua kwenye duka lipi, wanasoma gazeti gani, wanashabikia timu ipi. Majibu yakachora mpaka kwenye barabara ya Cupar Street, katikati ya mitaa hiyo. Makala yake ilitoka 1969, mwaka ule ule kuta za kutenganisha mitaa zilipoanza kuwekwa. Hilo lilinigusa sana: mpaka ulikuwa kwenye nyayo za watu kabla ya kuwa ukuta.

Nataka kujaribu njia hiyo Kibera, ambako baada ya ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007 familia nyingi zilihamia kwa watu wa kabila lao. Siku ya kwanza, mama muuza mboga alinijibu vizuri kuhusu maji na kanisa. Nilipomuuliza kwao ni wapi, akafunika nyanya kwa gunia, akanyamaza. Sikumlaumu.

Msimamizi wangu anasema bila kabila data haina maana. Mimi naona usalama wao unatangulia. Mliowahi kufanya utafiti wa aina hii, mliulizaje? Na kutembea na kijana wa mtaa kunafungua watu au kunawafunga midomo? Narudi huko Jumatatu.