Nimekatwa mrabaha wa kokoto nilizozinunua kwa risiti, kisha nikaambiwa niende mahakamani

Wakuu, nimetoka sasa hivi kwenye ofisi ile ya Serikali mnayoijua, iliyonipa mkataba wa ujenzi, na mikono bado inatetemeka. Yule bwana wa ghorofa ya pili, ambaye kila mkandarasi aliyewahi kujenga hata kalavati moja anamfahamu, amenisogezea hati yangu ya malipo kwa ncha ya kalamu, akanionyesha mstari ulioandikwa "mrabaha, shilingi 4,860,000", yaani malipo ambayo mchimbaji huilipa Serikali kwa madini anayoyachimba, akasema bila kuinua uso: "Kama hujaridhika, nenda mahakamani."

Kwa ncha ya kalamu! Hati niliyoisubiri mpaka mlinzi wa getini amenifahamu kuliko ndugu zangu!

Kokoto zenyewe, meta za ujazo 2,700, nilizinunua kwa mwenye machimbo aliye na leseni, naye akanipa risiti ya EFD kwa kila lori, kwa bei ambayo ndani yake mrabaha aliokwisha kuulipa yeye umo. Kifungu cha 87 cha Sheria ya Madini ya mwaka 2010 kinamtaka mchimbaji aliyeidhinishwa alipe mrabaha wa madini aliyoyazalisha chini ya leseni yake, na kwa madini ya ujenzi ni asilimia 3. Mimi sina leseni, sina shimo, sina hata sururu. Nilimwekea faili zima la risiti mezani. Hakulifungua, alilirudisha upande wangu kwa ncha ya kalamu ile ile.

Anajua fika kwamba kuishtaki Serikali kunaanza na notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Vibarua wangu hawawezi kula notisi.

Nondo Kumi na Sita: Pole, ila ulisaini mkataba bila kusoma masharti maalumu. Kama kuna kipengele kinachomruhusu mwajiri, yaani mwenye mradi, kukata tozo za kisheria, utalia peke yako.

Mleta uzi: Nimekisoma. Kinasema tozo "anazopaswa kulipa mkandarasi". Mrabaha huu haunihusu, na nilipomwambia hivyo ndipo aliposogeza hati kwa kalamu.

Sheria Msumeno: Watakujibu kwamba mrabaha si kodi, kwa hiyo usijifiche nyuma ya Ibara ya 138 ya Katiba, ile inayokataza kutoza kodi bila sheria. Sawa, tukubali. Tarehe 25 Julai 2024 Mahakama ya Juu ya India, majaji 8 dhidi ya 1, ilisema mrabaha si kodi bali ni malipo ya mpangaji wa mgodi kwa mwenye haki ya madini. Hukumu hiyo haitufungi sisi, lakini hoja yake inakusaidia, kwa sababu wewe si mpangaji wa mgodi wowote.

Greda la Zamani: Mnamtetea upesi mno. Muulizeni moramu, ule udongo wa changarawe wa tabaka la chini la barabara, aliitoa wapi. Ukichimba mwenyewe kando ya barabara kwa ekskaveta yako, wewe ni mchimbaji, na hapo ulipe.

Mleta uzi: Nimekatwa kwa kokoto, si kwa moramu! Wamechukua kiasi cha kokoto kilichomo kwenye jedwali la gharama la mkataba wakakipigia hesabu ya mrabaha, bila kumuuliza mwenye machimbo.

Mama Kifusi: Afadhali yako ulipewa hati. Mimi lori la mchanga nalipia ushuru wa halmashauri kizuizini, nikivuka mto nalipishwa tena na halmashauri ya pili, halafu ofisini stakabadhi zote mbili zinakataliwa kwa sababu hazikuandikwa neno mrabaha.

Nondo Kumi na Sita: Kizuizi cha pili kile, wanaotoza usiku? Wale hawatoi stakabadhi kabisa.

Mama Kifusi: Hao hao. Juzi walimzuia dereva wangu mpaka alfajiri, zege likasimama, na mhandisi mshauri akaniandikia barua ya kuchelewesha kazi.

Greda la Zamani: Barua hiyo ijibu ndani ya siku zilizotajwa kwenye mkataba, dada. Mimi niliipuuza ya kwangu, wakanikata fidia ya ucheleweshaji.

Mleta uzi: Jamani, kokoto zangu?

Mama Kifusi: Greda, walikukata asilimia ngapi?