Uyoga wa jeli mkavu: mweupe au mweusi, upi kwa kazi gani?

Kikaango
Wadau, naomba ulinganisho. Kuna aina tatu mbele yangu: mweupe wenye umbo la ua (*Tremella fuciformis*), mweusi mwembamba (*Auricularia heimuer*) na mweusi mnene wenye vinyweleo vya kijivu mgongoni (*Auricularia cornea*). Upi unafaa supu, upi saladi, na upi ni rahisi kuotesha? Habari za afya nazo nimezisikia nyingi, sijui zipi za kweli.

SufuriaNzito
Mkuu, yote mitatu karibu haina ladha. Unanunua mguso wake mdomoni, basi chagua kwa kigezo hicho.

Mweupe ndio pekee unaotoa ute mzito. Gramu 15 kwa lita moja ya maji: loweka kwenye maji baridi dakika 40 hivi, kata kitako cha njano kwa sababu hakilainiki hata ukichemsha siku nzima, kisha uchane vipande vidogo kama kucha. Hapo ndipo wengi wanapokosea. Wanaacha mapande makubwa, halafu wanalalamika supu ni maji matupu. Chemsha kwa moto mdogo saa moja hadi moja na nusu, au dakika 30 kwenye presha. Sukari na matunda makavu viingie mwishoni. Ukiutaka kwenye saladi, dakika 5 za kuchemsha zinatosha, utabaki mkakamavu.

Mweusi mwembamba ni wa kukaanga haraka na wa saladi. Ule mnene ni mgumu zaidi, ukate nyuzinyuzi nyembamba uingie kwenye supu au mchuzi. Usitegemee ute kutoka kwa huo.

Nyuzi_na_Spora
Kwa kuotesha, hii mitatu si ndugu wa karibu kama inavyodhaniwa. *Auricularia* iko kundi moja na uyoga wa kawaida wa kofia, na hula mti mfu wenyewe. *Tremella* ni kimelea: nyuzi zake huingia kwenye nyuzi za kuvu mwingine, *Annulohypoxylon archeri* (mwenyeji wake), ambaye ndiye anayeuvunja mti na kumlisha mwenzake.

Kwa hiyo mbegu ya uyoga mweupe lazima iwe na kuvu wote wawili. Ikiwa na mwenyeji peke yake, mfuko wa maranda unajaa weusi na ua halitoki. Ikiwa na *Tremella* peke yake, inabaki vidoa vya utelezi mfano wa hamira. Na kwa kuwa mwenyeji hukua kwa kasi, kila unapohamisha mbegu kutoka chupa hadi chupa *Tremella* inapungua. Anayeanza aachane nayo kwanza.

Achukue *A. cornea*, inastahimili joto. Maranda ya mbao ngumu, pumba asilimia 15 hivi, chokaa asilimia 1, unyevu karibu asilimia 60. Nyuzi zikishajaa mfuko, chana mikato midogo ubavuni na uweke unyevu wa hewa asilimia 85 hadi 95. Mikato ikiwa mirefu, maranda yanakauka na masikio (uyoga wenyewe) yanatoka madogo.

Kikaango
Asante. Naweza kuloweka usiku nipike asubuhi?

KipimoSahihi
Mezani, hapana! Hili ni zito kuliko yote yaliyosemwa hapo juu. Uyoga uliolowekwa muda mrefu kwenye joto la chumbani unaweza kuotesha bakteria *Burkholderia gladioli*, wanaotengeneza asidi ya bongkreki. Sumu hiyo haina harufu wala ladha, haiharibiwi kwa kuchemsha, na huua kwa kuzuia seli zisipate nishati. Mweusi dakika 30 kwenye maji ya uvuguvugu, au saa 1 hadi 2 kwenye maji baridi. Ukilazimika kulaza, uwe ndani ya friji. Uyoga ukiwa na utelezi usio wa kawaida, tupa, usionje.

Afya: gramu 10 za mweusi mkavu zina takribani gramu 7 za nyuzinyuzi, na hiyo ndiyo faida isiyo na ubishi. Mengine (sukari ya damu, lehemu, kinga) yamepimwa zaidi kwenye maabara na panya. Mwaka 1980 daktari Dale Hammerschmidt aliandika kwamba uyoga mweusi hupunguza kushikamana kwa chembe sahani za damu, zile zinazosaidia damu kuganda. Anayetumia dawa za kuzuia damu kuganda kama aspirini, klopidogreli au warfarini, au anayesubiri upasuaji, aongee na daktari kabla ya kuula kwa wingi. Mweupe sifa yake ni polisakaridi (minyororo mirefu ya sukari) zinazoshika maji, ndiyo maana umeingia kwenye vipodozi. Kuunywa kama supu hakumaanishi ngozi yako itapata kitu kilekile.

SufuriaNzito
Mawili ya kuongeza. Mweusi hupasuka na kurusha mafuta moto ukiingia na maji. Ukamue, uukaushe kwa kitambaa, uingie mwishoni kwa dakika 2. Na mweupe unaong'aa kama karatasi uwe na shaka nao: huenda umefukizwa salfa. Rangi yake halisi ukikauka ni ya maziwa yenye unjano kidogo. Unuse kwanza, ukikukereketa pua, rudisha.

Nyuzi_na_Spora
Na mchanga: sugua mweusi kwa kijiko cha unga kwenye maji, kisha suuza mara mbili. Unga hubeba uchafu ulionaswa kwenye mikunjo.